Barua ya Wazi kwa Redio ya Umma Kuhusu Jazi ya Saa Sita Usiku

Kwa Wakurugenzi wa Shirika la Utangazaji la Kenya, Nairobi.

Waheshimiwa,

Inafahamika kwamba usiku Wakenya wote hulala, na kwa hiyo ombi la kipindi cha jazi cha kuanzia saa sita usiku hadi alfajiri huenda likaonekana sawa na kumwombea samaki mwavuli. Ni bahati mbaya kwamba Naivasha haijapata taarifa hiyo. Olkaria, ambako mvuke wa ardhini umezalisha umeme tangu 1981, mitambo hailali wala anayeiangalia halali. Katika mashamba ya maua kandokando ya ziwa, hasa Sikukuu ya Wapendanao inapokaribia, waridi hufungwa hadi usiku ili liwahi ndege ya Ulaya. Na kwenye barabara kuu ya Nakuru madereva wa malori hupigana na usingizi, huku soja wa lango akiwa na rungu, tochi na redio ndogo, ambayo katika vitu hivyo vitatu ndiyo inayofanya kazi zaidi.

Kanuni za utangazaji nchini hutenga saa za kuwalinda watoto, yaani muda wa kuanzia saa kumi na moja alfajiri hadi saa nne usiku, ambapo maudhui ya watu wazima hayaruhusiwi. Waliozitunga wanastahili pongezi kwa kukumbuka kwamba baada ya saa nne kuna watu wazima. Kilichobaki ni kukumbuka kwamba baadhi yao wako macho, na kwamba si kila kilicho cha watu wazima ni matusi. Hata anga linaunga mkono ombi hili, kwa sababu mawimbi ya masafa ya kati, ambayo mchana hufyonzwa na tabaka la chini la angahewa lenye chembe za umeme, hufika mbali zaidi tabaka hilo linapofifia baada ya magharibi.

Itahofiwa, bila shaka, kwamba jazi, yaani muziki uliozaliwa miongoni mwa Wamarekani weusi wa New Orleans na ambao mpigaji hutunga sehemu yake palepale anapoupiga, ni wa kigeni na wa wateja wa hoteli. Hofu hiyo ingekuwa na uzito zaidi kama Louis Armstrong hangekwisha kupiga tarumbeta yake Nairobi mwaka 1960, na kama Morogoro Jazz na Shirati Jazz hazingekwisha kujipachika jina hilo na kulichezesha kwa magitaa yao wenyewe.

Hapo ndipo kamati itakapohitajika. Mwaka 1980 Sauti ya Kenya, kama Shirika lilivyoitwa wakati huo, iliagiza kwamba asilimia 75 ya muziki wa hewani uwe wa Kenya, kisha agizo likaachwa upesi. Lakini halikuwahi kueleza kama D. O. Misiani, kiongozi wa Shirati Jazz, aliyezaliwa Tanzania na kuvuma akiwa Kenya, alistahili kuwekwa katika zile 75 au katika 25 zilizosalia. Inapendekezwa kwamba wajumbe walijadili suala hilo saa nane za usiku, katika banda la kufungia waridi, na posho ya kikao ikokotolewe kwa kiwango kilekile cha mfungaji wa maua.