Barua kwa Wenye Jumba Linalorefusha Mwezi

Kwa Waheshimiwa Wabunge na Maseneta,
Palais du Peuple, Kinshasa

Waheshimiwa,

Sisi wa Butembo, huku mashariki, tunaishi saa moja mbele yenu. Tunaamka kabla yenu, tunafungua maduka kabla yenu, na lori letu linakuwa limeshapanga foleni ya forodha mpakani Kasindi kabla hamjamaliza chai. Kwa hesabu hiyo, kila jema la Jamhuri lingepaswa kutufikia sisi kwanza. Halitufikii, na nimekaa nikitafuta sababu, hadi nikaelewa kwamba kosa haliko kwenye saa. Liko kwenye jumba lenu.

Wapita njia wa Boulevard Triomphal huona jengo kubwa tu, ambalo Wachina walilimaliza mwaka 1979, enzi za Mobutu. Hawajui kilichomo: mtambo wa kurefusha muda. Zanzibar walijaribu kabla yenu: Sultani Barghash alijenga Jumba la Maajabu mwaka 1883, likaja kuwa na umeme, lifti na mnara wa saa. Maskini, ile saa ilikuwa ya kusoma tu. Hata vita vya mwaka 1896 vilivyopiganwa mbele yake havikufika saa nzima, aibu tupu. Vingekuwa mikononi mwenu, wajukuu wa wapiganaji wangekuwa bado mahandakini. Desemba 2020 mnara ule ukaporomoka. Miezi mitano baadaye lenu likaanza kuonyesha linachoweza.

Tarehe 6 Mei 2021 utawala wa kijeshi, ambao huku hata mama muuza mihogo anauita état de siège, ulianza Kivu ya Kaskazini na Ituri. Siku 30, tuliambiwa. Gavana akawa jenerali, mameya wa Beni na Butembo wakawa maafisa wa polisi, raia wakaanza kufikishwa mbele ya mahakama za kijeshi. Kwa siku 30, nani hawezi kuvumilia? Ibara ya 144 ya Katiba inasema wazi kwamba zikiisha, mambo yameisha, isipokuwa ninyi mkubali kuongeza siku 15. Halafu nyingine 15. Mwandishi wa ibara hiyo nadhani alifikiria dirisha dogo la kupitishia hewa. Ninyi mkapitisha miaka. Mei 2025 mwezi ule ulitimiza miaka 4. Nimegawanya mwenyewe kwa kalamu: nyongeza zaidi ya 90. Wenzenu kadhaa waliochaguliwa huku walitoka ukumbini kwa hasira, mtambo ukaendelea. Mlipokwenda likizo mliiachia Serikali ufunguo, mtambo ukaendelea. Agosti 2023 Rais akaita mkutano mkubwa Kinshasa, na wengi waliotoka huku wakaomba uzimwe. Oktoba tukatangaziwa kwamba utapunguzwa polepole. Polepole kwa saa ya nani, hatukuuliza.

Ufundi huu nimejaribu kuutumia nyumbani. Mwenye nyumba wangu alipokuja kudai kodi, nilimweleza kwamba mwezi haujaisha, kwa kuwa mimi na mke wangu tumekaa sebuleni, tumejadili, tumepiga kura, na tumeuongeza siku 15. Mzee alinisikiliza kwa adabu. Kisha akaniuliza kama sebule yangu ni Palais du Peuple. Hapo nikakosa jibu, na ndiyo maana nawaandikia.

Tafadhali msidhani jumba lenu linajua kurefusha tu. Linajua pia kuchelewesha, ingawa kwa kazi hiyo heshima ya kwanza iende kwa jirani zenu wa CENI, tume ya uchaguzi. Desemba 2018, siku nne kabla ya uchaguzi, walitangaza kwamba Beni na Butembo tutapiga kura Machi, kwa ajili ya Ebola na usalama. Ebola ilikuwepo kweli, sitanii kwa hilo. Ilituulia watu zaidi ya 2,000 hadi ilipotangazwa kwisha Juni 2020. Lakini masoko yalikuwa wazi, makanisa yalikuwa wazi, shule zilikuwa wazi. Virusi, ikaonekana, viliogopwa kwenye sanduku la kura peke yake. Tarehe 30 Desemba wakazi wa Beni wakapanga foleni hata hivyo, wakanawa mikono, wakapiga kura zao za kujitengenezea, ambazo CENI haikuzihesabu. Rais akaapishwa tarehe 24 Januari 2019. Sisi, watu zaidi ya milioni moja, tukaitwa kupiga kura tarehe 31 Machi: wabunge tu, maana Rais alikuwa ameshazoea kiti. Saa moja mbele ya Kinshasa, miezi mitatu nyuma yake! Aliyeshika mshale wa saa siku zile, mwenyekiti wa CENI Bwana Corneille Nangaa, Desemba 2023 alikuwa Nairobi akitangaza muungano wake wa AFC, ambao pamoja na waasi wa M23 uliingia Goma Januari 2025. Kwenda Goma hakuahirisha.

Kuna kitu kimoja tu ambacho mtambo haujakigusa. Mauaji yaliyoanza maeneo ya Beni Oktoba 2014 hayakupewa siku 30, na hakuna aliyeyapigia kura ya nyongeza, lakini yanajua saa. Yanafika usiku, yanafika msimu wa kuvuna kakao, yanafika Jumapili. Mama wa Oicha aliyekimbia shamba hajui siku 15 ni nini. Anajua kakao imeiva na nani yuko msituni. Kama jumba lenu lina nguvu ya kuongeza, lazima lina swichi ya kupunguza mahali fulani, labda nyuma ya pazia, labda chini ya kiti cha Spika. Itafuteni. Kama imeshika kutu, Butembo hatukosi mafundi; vijana wanaofufua pikipiki zilizokufa hapa hawatashindwa na swichi.

Ikishindikana, tunawakaribisha mje mkae nasi. Kutoka uwanja wa ndege wa Mavivi mtapita Beni, siku hizi makao ya muda ya jimbo tangu Goma ilipoanguka, kisha kilomita 54 hadi Butembo, kwa gari na bila helikopta. Vyumba tumeshavitafuta. Mwenye hoteli hana masharti magumu: anaomba tu garanti ya miezi sita, kwa sababu tulipomwambia waheshimiwa wanakuja kwa siku 15, alicheka mpaka akakaa chini.

Wenu mtiifu,
Mkazi wa Butembo, mpangaji