Mwongozo wa Msaka Mafumbo Anayekwenda Buha

Kama umeshatengeneza filamu ya Sanduku la Agano, ukamaliza na makabila yaliyopotea, na sasa mfadhili anataka fumbo la Afrika ambalo halijaguswa, karibu Kasulu, mkoani Kigoma, katika Buha, nchi ya Waha. Kofia ya kaki iache nyumbani. Vijana wa bodaboda wakiiona tu, nauli inapanda.

Salamu kwanza. Waha husalimiana kwa kupiga makofi taratibu, na hawaikati salamu: nyumbani, watoto, mvua, maharage shambani. Ukiirekodi badala ya kuiitikia, mzee atakusimulia hadithi fupi kuliko zote alizo nazo.

Kisha vibali. Bodi ya Filamu, halmashauri, mtendaji wa kata, mwenyekiti wa kijiji. Droni ina kibali chake. Kambi za wakimbizi, kama Nyarugusu, ziko chini ya Wizara ya Mambo ya Ndani, wala usijaribu kuchungulia bila kibali. Usinung'unike pia. Stanley alipita Buha Novemba 1871 akimtafuta Livingstone; akadaiwa ushuru wa njia, akalipa, akadaiwa tena mbele, mwishowe akatoroka na msafara wake usiku kupitia porini. Yeye aliandika kitabu akasifiwa. Wewe utasimamishwa kwenye kizuizi cha barabarani.

Na huyo aliyekuwa akitafutwa Ujiji alikuwa wa fani yako. Livingstone alisaka chemchemi za Nile alizozisimulia Herodotus, na alitamani iwe kweli kwamba Musa wa Biblia aliwahi kufika ndani ya bara hili. Chemchemi hakuziona. Shajara zake zilichapishwa hata hivyo.

Sasa mji uliopotea, maana huo lazima utauona. Kijana atakupeleka porini upande wa Kibondo, tope jekundu hadi magotini, akuonyeshe miembe iliyosimama mstari bila nyumba hata moja, mafiga matatu yaliyozama kwenye majani, kinu kilichopasuka. Moyo utakudunda. Kabla hujaagiza muziki wa kutisha, mgeukie mzee mliyekuja naye: "Shikamoo babu. Hapa walikaa akina nani?"

"Marahaba. Sisi."

Miaka ya 1930 Mwingereza aliwakusanya watu wa Kibondo na Kasulu kwenye makazi mapya, akiwaondoa penye mbung'o na malale. Miaka ya 1970 ikaja Operesheni Kigoma, watu wakahamishwa tena, safari hii kwenye vijiji vya ujamaa. Ustaarabu uliotoweka uko barabarani unauza ndizi. Makaburi ya baba zao ndiyo yaliyobaki kwenye mahame, na mtu aliyezoea kutambika palepale alilazimika kujua afanyeje akiwa mbali. Mimi ningeanzia hapo. Mhariri wako ataomba piramidi.

Kuhusu imani, usifungue mazungumzo kwa kuuliza habari za radi ya kutumwa. Kila mgeni kutoka Dar anaanzia hapo. Kasulu ni makao ya Dayosisi ya Western Tanganyika ya Anglikana, Kabanga kuna misheni ya Wakatoliki, na ukilala mjini utaamshwa na wanaomwomba Mungu kwa spika. Ukishikilia radi yako utaletewa mganga, kibuyu, na bei. Bei ya mwenye kamera si ya mgonjwa.

Ukiambiwa kulikuwa na Mwami, yaani chifu, wa Heru aliyekuwa mwanamke, usiiweke kwenye ngano. Theresa Ntare alitawala, na miaka ya 1950 aliketi katika Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika. Mwaka 1963 sheria ikafuta utawala wa machifu. Heshima aliyopewa Mwami, ile iliyogusa mvua na mazao, iliishia wapi baada ya hapo? Swali hilo lina mashahidi na nyaraka, kwa hiyo huenda lisikupatie tuzo yoyote.

Filamu ikikamilika, irudishe uionyeshe kijijini. Njoo na jenereta, na utenge usiku mzima: watakusimamisha kila baada ya dakika mbili kusahihisha majina ya mito, na kubishana yule mzee wa dakika ya tano ni wa ukoo gani.