Draiva Iko Kwenye Intaneti

Tarehe 14 Oktoba 2025, siku Windows 10 ilipokatiwa msaada wa bure, laptopu yangu, mtumba kutoka Uingereza, ilikuwa nzima kabisa. Ilipiga hesabu za chama na kula vumbi la Isiolo bila kulalamika. Lakini Windows 11 ilipoikagua, iliikataa: chipu yake ya usalama, TPM, ni toleo la 1.2, inatakiwa 2.0, prosesa yake ya Intel ni ya kizazi cha nne, na kwa kawaida zinazopokelewa huanzia cha nane. Hapa Isiolo kuna wazee wanaokariri mababu zao hadi wa kumi na zaidi, lakini sijaona mgeni akinyimwa chai kwa sababu ya kizazi chake.

Fundi wa simu karibu na stendi akaitazama, akacheka. "Mzee, hii bado kijana. Tuiwekee Linux Mint." Akachomeka flashi, akabonyeza F12 kama anayepiga kinanda, na kabla chai haijapoa mfumo mpya ulikuwa ndani. Nikalipa kwa M-Pesa, nikarudi nyumbani kifua mbele.

Nyumbani, Wi-Fi haikuonekana. Kwenye kona ya skrini hapakuwa na hata alama yake. Nikampigia fundi. "Hiyo ni draiva tu, mzee. Ipakue kwenye intaneti."

"Intaneti nitaipata wapi bila Wi-Fi?"

Kimya. Kisha akasema, "Aa."

Ndipo akanielekeza nichomeke simu kwa kebo ya USB, nigawe bando kutoka huko. Ikakubali! Draiva ikaanza kushuka, na stima ikapotea mtaa mzima. Betri ya mtumba inajulikana: asilimia zake hushuka kama lori lisilo na breki. Simu nayo, badala ya kusaidia, ikawa inanyonya chaji ya laptopu kupitia kebo ileile. Mke wangu akaniambia, "Baba Halima, mlishe mmoja kwanza." Nikazima mwanga wa skrini, nikaomba dua gizani. Draiva ikamaliza kushuka kabla ya betri.

Leo mashine inafanya kazi, na LibreOffice inafungua hesabu zote za chama, yakiwemo madeni yangu. Nawe ukitaka kujaribu, nakili faili zako kwanza, chaji betri ijae, na ujaribu Wi-Fi mfumo ukiwa bado kwenye flashi, ungali mezani kwa fundi. Mint inaruhusu hivyo, tena bure.