Dada Aliyegeuka Dodo

Dada mmoja wa Isevya, hapa Tabora, aliniletea kazi ya lebo. Anauza asali ya miombo, ile nyeusi inayokwaruza koo, na kwenye chupa alitaka jina la maneno matatu tu: Asali ya Dada.

"Mdogo wangu, nataka kitu cha kisasa. Siyo herufi za tangazo la mkutano wa kijiji."

Nikamchagulia Futura, fonti ya Mjerumani Paul Renner iliyotoka 1927. Herufi zake ni kama zimepigwa kwa bikari na rula: o ni duara, na a ni duara lile lile lililoegemezwa kijiti. Wajerumani walikwishatoka hapa tangu 1916, wakatuachia Boma na reli. Wakituongezea na herufi, si vibaya. Tena si fonti ya mchezo. Kibao kilichoachwa mwezini na wanaanga wa Apollo 11 mwaka 1969 kiliandikwa kwa Futura. Imefika mwezini, itashindwa Unyamwezini?

Ikashindwa.

Kwanza, maneno madogo ya chini niliyaweka kwa Century Gothic, nayo ni ya miduara vile vile. Kuoanisha fonti ni kama posa, unatafuta watu wa koo mbili. Mimi nikaozesha ndugu wa tumbo moja: walifanana kiasi cha mtu kudhani nimekosea, wakatofautiana kiasi cha kukera. Nikajiambia, nani ataona?

Pili, jina nililikoleza, kisha nikalipunguza liingie kwenye chupa ya robo lita, nikapeleka stika mia mbili zikachapwe. Printa ile ina wino mkarimu. Ulisambaa kidogo tu, lakini pale kijiti cha a kinapogusana na duara pakaziba, na kila a ikawa o yenye kitambi.

Wiki ya pili dada karudi na chupa mkononi. "Hebu nisomee." Nikasoma vizuri kabisa, si niliandika mwenyewe? Akarudi nyuma mpaka mlangoni, akainyanyua. Kwa umbali wa mnunuzi ilisomeka Asoli yo Dodo.

"Watu wananipigia wanataka maembe. Mmoja kaagiza tenga zima!"

Na hii ni Tabora, mji wa miembe ya njia ya misafara. Dodo likitangazwa hapa hakuna wa kushangaa. Wapagazi wa Kinyamwezi walibeba frasila mbili za pembe begani hadi Bagamoyo. Mimi nimepewa herufi moja niitoe kwenye kompyuta hadi kwenye chupa, nimeidondosha njiani.

Usiku nikaitafuta picha ya kile kibao cha mwezini. Maneno yote ya Futura yako kwa herufi kubwa. Hakuna a ndogo hata moja! Wajanja wale.

Nikaanza upya: ASALI YA DADA, herufi kubwa zilizoachana kidogo, na chini yake Garamond, fonti yenye asili ya Ufaransa ya karne ya 16, yenye vikia na mistari inayonenepa na kukonda. Safari hii wachumba wakaelewana.

Dada akaipeleka chupa mlangoni, akasoma, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Kisha akatoa daftari.

"Wale wa maembe nimewakubalia. Nitengenezee na lebo ya achari: Achari ya Dodo. Ila mdogo wangu, angalia isije ikasomeka ya Dada."