Mashine Iliyocheka Msibani

Mdogo wangu anafuga kuku wa nyama Maili Moja, Kibaha. Kuku wazuri, wazito, lakini picha zao Facebook zilikuwa hazipati laiki, ukiacha ya mkewe. Kijana mmoja wa kibanda cha simu akamwonea huruma, akampa dawa: programu ya kuvuta laiki, ya bure kabisa, inataka namba ya simu na neno la siri tu.

Hilo “tu” ndilo lililotupeleka Kisarawe.

Laiki zilimiminika kweli, kutoka kwa watu wa Brazil na Uturuki ambao sijasikia mmoja wao amefika Maili Moja kuulizia bei ya kuku. Ila programu hizi hazina laiki za kwao. Zinachota kwa wateja wenyewe: ukishakabidhi neno la siri, akaunti yako nayo inatumwa usiku kucha kuwalaiki watu usiowajua. Mara nyingine hata unaowajua. Ukweni Kisarawe walitangaza msiba wa mjomba wa mkewe, na saa nane usiku akaunti ya mkwe wa Kibaha ikabandika pale kikatuni kinachocheka mpaka macho yamefumba.

Aprili 2019 Facebook na Instagram ziliishtaki kampuni moja ya New Zealand, kwenye mahakama ya Marekani, kwa kuuza laiki bandia. Wenzetu walipelekwa mahakamani, penye mawakili. Sisi tuliitwa jamvini, na wakili nilikuwa mimi, kaka mtu.

“Shikamooni wazee wangu. Aliyecheka si huyu, ni mashine.”

“Marahaba. Mashine hiyo kabila gani?”

Swali lilikuwa na akili kuliko utetezi wangu. Kwa Wazaramo mtani ana ruhusa ya kufanya vituko msibani, hata kumwigiza marehemu, na hakuna wa kumnunia. Mkwe hana ruhusa hiyo. Nikaona upenyo.

“Tuseme ni Mnyamwezi, mzee.”

“Basi aje mwenyewe, sisi tunamjua mtani kwa sura.”

Mdogo wangu akabadilisha neno la siri palepale, mbele ya wazee, kana kwamba anakula kiapo. Haikusaidia. Faini ikapangwa: kuku wanane na ubani. Mama mkwe, ambaye tangu tufike hakuwa amefungua mdomo, akauliza kama hao kuku nao ni wa kwenye simu au wana miguu.