Saba Zilizohama Mji: Timu za Hoki ya Barafu na Kumbi Zilizoziponza

Amerika Kaskazini timu ya hoki ya barafu haishuki daraja. Inaweza kuvurunda miaka kumi mfululizo, na mwakani ukaikuta kwenye ligi ileile na jezi ileile. Adhabu ya huko ni kuhamishwa mji. Timu ni mali ya tajiri mwenye leseni, na ligi ikiridhia, anafungasha viatu, vigongo na golikipa, anaondoka zake. Shabiki anabaki na skafu.

Tajiri akiulizwa, atakwambia watu hawaji kutazama. Mimi mtuhumiwa wangu ni jengo, akifuatiwa kwa karibu na tajiri mwenyewe. Tuhesabu kutoka saba kwenda moja kwa kipimo cha uchungu. Wenye roho nyepesi waishie namba nne.

7. Jersey Knights

Mwaka 1972 ilizaliwa ligi ya WHA kushindana na ligi kuu ya hoki, NHL, ikaanzisha timu kwa pupa. Philadelphia Blazers, katika mechi yao ya kwanza ya nyumbani, mashine ya kusawazisha barafu iliipasua barafu yenyewe na mechi ikaahirishwa. Mashabiki walikuwa wamegawiwa visahani vya raba vya kuchezea hoki mlangoni kama kumbukumbu. Wakavirudisha palepale, kwa kuvirusha uwanjani. Wazee, hakikisheni barafu imeganda ndipo mgawe silaha.

Lakini nafasi ya saba naipa timu ya New York. Ilianza kwa jina la Raiders, msimu wa pili ikaitwa Golden Blades, na kabla 1973 haijaisha kodi ya Madison Square Garden ikaishinda. Ikakimbilia Cherry Hill, New Jersey, na jina la tatu: Jersey Knights. Barafu ya Cherry Hill haikuwa tambarare. Ukipiga kisahani kutoka upande wa bondeni, kinapaa chenyewe. Kwingineko timu hubadilishana magoli ili haki itendeke. Pale walibadilishana ili kila mmoja aonje mlima. Wageni nao walivalia hotelini, wakafika ukumbini na jezi mwilini. Mwaka 1974 timu ilikuwa San Diego, na jina la nne.

6. Kansas City Scouts

Misimu miwili, mechi 160, ushindi 27. Nadhani hapo hakuna la kujadili. Mwaka 1976 wakapelekwa Denver wakaitwa Colorado Rockies, na 1982 wakapelekwa New Jersey wakaitwa Devils, ambako walitwaa Kombe la Stanley, taji la NHL, 1995, 2000 na 2003. Ukumbi wao wa Kansas City, Kemper Arena, ulitunukiwa tuzo na chama cha wasanifu majengo wa Marekani mwaka 1976. Juni 1979 ikapiga dhoruba na paa likaanguka. Kwa bahati ndani hamkuwa na mechi. Tuzo, kwa ninavyojua, haikuanguka.

5. Hartford Whalers

Tukiwa bado kwenye mapaa: usiku wa Januari 18, 1978, paa la ukumbi wa Hartford, Connecticut, lilielemewa na theluji likashuka lote. Saa chache kabla yake maelfu ya watu walikuwa chini yake wakitazama mpira wa kikapu. Hakuna aliyeumia. Whalers wakaenda kupanga mji wa jirani, Springfield, hadi 1980.

Hawa walikuwa na nembo ambayo naihesabu bora kuliko zote za mchezo huu: mkia wa nyangumi juu, W chini, na katikati pengo jeupe lenye umbo la H. Ubingwa hawakuupata wakiwa NHL. Mwaka 1997 mmiliki, Peter Karmanos, akawapeleka North Carolina, akagundua ukumbi wa Raleigh bado unajengwa, ikabidi wacheze misimu miwili Greensboro mbele ya viti vitupu. Ukihama nyumba, jamani, kwanza hakikisha unakohamia kuna nyumba. Kombe walilipata 2006 kwa jina la Carolina Hurricanes. Baadaye Hurricanes wakavaa jezi za Whalers mechi mojamoja na kuziuza dukani. Walimwacha mke, wakabaki na vyungu vyake.

4. California Golden Seals, baadaye Cleveland Barons

Timu ilianza Oakland mwaka 1967. Mwaka 1970 ikanunuliwa na Charlie Finley, tajiri wa besiboli aliyependa vituko, naye akaivisha viatu vyeupe. Hoki huchezwa kwa kugongana na kisahani kigumu cheusi, kwa hiyo viatu vikachafuka kila siku, vikapakwa rangi kila siku, na rangi juu ya rangi vikazidi kuwa vizito. Ndiyo timu pekee ninayoijua ambayo wachezaji wake waliongezeka uzito kuanzia miguuni.

Mwaka 1976 wakahamia Cleveland. Nasema Cleveland kwa heshima tu, maana ukumbi, Richfield Coliseum, ulikuwa mashambani katikati ya Cleveland na Akron, wenye viti zaidi ya 18,000. Kufika kwenyewe ilikuwa safari. Miaka miwili baadaye wamiliki, ndugu wawili Gordon na George Gund, waliiunganisha timu na Minnesota North Stars, na Barons wakafutika. Baada ya hapo timu za NHL zimekuwa zikihama tu. Hao North Stars wenyewe walihamia Dallas 1993.

Coliseum ilibomolewa 1999 na eneo likaingizwa kwenye hifadhi ya taifa ya Cuyahoga Valley. Leo ni nyasi na ndege, na kwa hesabu zangu ndege wanahudhuria kwa wingi kuliko mashabiki wa Barons.

3. Atlanta, mara mbili

Kosa la kwanza: jina. Jenerali Sherman aliuchoma mji huo mwaka 1864, na mwaka 1972 timu mpya ikaitwa Flames, yaani miali ya moto. Msiba wa babu ukageuzwa jezi.

Kosa la pili: ukumbi wa Omni. Ulijengwa kwa chuma cha aina maalumu kinachotakiwa kushika kutu ya juu kisha kutulia, kutu ikawa ngozi ya kukilinda. Hesabu nzuri sana, ila hewa ya Atlanta ina unyevu mwingi, na kutu haikutulia. Ililiendea jengo hadi likatoboka. Flames walikuwa wameshauzwa Calgary mwaka 1980. Jina wakabaki nalo, na kule kwenye baridi kali likaanza kuleta maana. Kombe wakalibeba 1989. Omni ililipuliwa 1997.

Mahali hapohapo ukajengwa ukumbi mpya, na 1999 ikaja timu ya pili, Thrashers. Misimu kumi na moja, mtoano mmoja tu, mwaka 2007, na humo walifungwa mechi zote nne. Mwaka 2011 nao wakauzwa Kanada, Winnipeg.

2. Winnipeg, Arizona na kwingineko

Kabla ya hao wa Atlanta kufika, Winnipeg Jets wa kwanza walicheza chini ya picha kubwa ya Malkia Elizabeth iliyoning'inia ukumbini, mwenyewe akitabasamu hata pale wanapofungwa. Mwaka 1996 wakapelekwa Phoenix, jangwani, kwenye ukumbi wa mpira wa kikapu ambao baadhi ya viti vyake vilikuwa havioni goli moja. Unalipa kiingilio kamili, unatazama nusu ya mchezo.

Mwaka 2003 wakahamia Glendale, upande wa pili kabisa wa jiji, mbali na walikoishi wengi wa wanunuzi wa tiketi. Mwaka 2009 mmiliki akafilisika, ligi ikaichukua timu na kuilea yenyewe. Kisha Glendale wakachoka wakakataa kuongeza mkataba, na 2022 timu ya NHL ikaenda kujibanza kwenye ukumbi wa chuo kikuu wa watu 5,000. Mei 2023 wapiga kura wa Tempe, kilipo chuo hicho, wakaulizwa kama wanataka kujengewa ukumbi mpya. Wakasema hapana.

Aprili 2024 wachezaji wakahamishiwa Salt Lake City, Utah, katika mauzo ya dola bilioni 1.2. Huko nako walipokelewa kwenye ukumbi wa mpira wa kikapu, ambako baadhi ya viti havikuona goli vizuri. Miaka 28 ya kuhangaika, wamerudi kwenye viti vilevile.

1. Quebec Nordiques

Hii inauma. Mwaka 1991 walimchagua kijana mwenye kipaji kikubwa kuliko wote, Eric Lindros. Akakataa kuwachezea. Mwaka mmoja baadaye wakamuuza Philadelphia na kupata kundi la wachezaji, akiwemo Peter Forsberg, pamoja na dola milioni 15. Kikosi kikaiva. Ukumbi ulikuwa mzee, mji mdogo, mishahara inalipwa kwa dola ya Marekani, na mwaka 1995 timu ikauzwa Denver. Ikaitwa Colorado Avalanche. Msimu wake wa kwanza kabisa, 1996, ikatwaa Kombe la Stanley.

Chumvi kwenye kidonda: golikipa wa ubingwa huo, Patrick Roy, aliuzwa kutoka Montreal Desemba 1995. Montreal na Quebec walikuwa hawapikiki chungu kimoja. Kama timu ingekuwa bado Quebec, biashara hiyo isingefanyika. Walihama ndipo wakapata golikipa.

Hata Nairobi ina uzi hapa: nyota wa Colorado, Nathan MacKinnon, pamoja na nyota mwenzake Sidney Crosby, walivaa jezi ya Kenya Ice Lions, timu ya hoki ya barafu ya huko, mwaka 2018 Wakenya walipoalikwa Kanada. Kwa hiyo Wakenya wamecheza na mtoto wa Nordiques. Wa Quebec humtazama kwenye televisheni.

Mwaka 2015 Quebec wakafungua ukumbi mpya wa viti zaidi ya 18,000, kwa takriban dola milioni 370 za Kanada, wakaomba timu. Mwaka 2016 NHL ikaipa Las Vegas na kuwaambia Quebec wasubiri. Las Vegas ikabeba kombe 2023. Quebec wana barafu, wana viti na wana mashabiki. Wamepungukiwa wachezaji ishirini na tajiri mmoja.