Lupita Nyong'o: Sita Hadi Moja

Lupita akitajwa, watu hukimbilia Oscar. Mimi naanza na hiyo niiondoe njiani, maana kwangu huyu ni mtoto wa jukwaa. Haya, tuhesabu kurudi nyuma.

6. Oscar, 2014. Aliipata kwa kumcheza Patsey katika *12 Years a Slave*, nafasi aliyoichukua akiwa bado hajahitimu Chuo Kikuu cha Yale. Filamu ndefu ya kwanza, Oscar ya kwanza. Kuna watu kitambulisho tu kimewazungusha kuliko hivyo!

5. Kutumwatumwa. *The Constant Gardener* ilipopigwa Kenya, Lupita alikuwa kwenye kundi la wanaotumwa hiki na kile. Humo Ralph Fiennes alimwambia aigize ikiwa tu hawezi kuishi bila kuigiza. Hakuweza.

4. Filamu ya *Us*, 2019. Wanawake wawili, sura moja, mwigizaji mmoja. Alijiwinda, akajitisha, na sisi tukalala na taa zinawaka. Sikiliza sauti ya Red, mmoja wa wanawake hao, imekwaruza mpaka unataka kumpa maji. Sauti ya namna hiyo haiokotwi njiani, ni matunda ya mafunzo ya jukwaani.

3. *Eclipsed*. Hapa nakaa kidogo. Mwaka 2009, akiwa mwanafunzi Yale, aliwekwa akiba katika tamthilia hii ya Danai Gurira kuhusu wanawake wa vita vya Liberia. Kazi ya mwigizaji wa akiba ni ngumu: unakariri kila neno, kisha unaomba Mungu mwenzako asiugue, huku moyo ukinong'ona, "Hata mafua kidogo tu!" Baada ya Oscar angeweza kuchukua filamu yoyote. Akaiomba tamthilia ileile. Ikachezwa New York mwaka 2015, na 2016 ikapanda Broadway, mwandishi, mwongozaji na waigizaji wote wakiwa wanawake weusi. Haijawahi kutokea hapo kabla. Aliyekaa benchi alirudi akiwa na timu nzima.

2. Juliet, Nairobi. Miaka 14, kundi la Phoenix Players, Shakespeare. Juliet mwenyewe hajatimiza 14, kwa hiyo safari hii umri ulilingana, tofauti na maonyesho mengi ambayo Juliet ana umri wa shangazi.

1. *Twelfth Night* ya Shakespeare, Central Park, 2025. Mapacha waliozamiwa na jahazi na kutenganishwa na bahari. Lupita ni Viola, na pacha wake ni Junior, mdogo wake wa damu. Mwongozaji ni Saheem Ali, aliyekulia Kenya pia. Mapacha hao, ugenini, wanazungumza Kiswahili! Mwalimu Nyerere alishamfundisha Shakespeare Kiswahili mwaka 1969 kwa tafsiri yake, *Mabepari wa Venisi*. Hawa wakampandisha nacho jukwaani New York, mbele ya watu waliopanga foleni kupata tiketi za bure. Oscar ni nzuri, ila kwangu haifiki hapa. Hapa lugha yetu iliingia kama mhusika, si kama pambo.

Basi shule ya mwanao ikitangaza tamthilia, nenda. Kaa mstari wa mbele, simu izime, na yule binti wa miaka 14 akimaliza, mpigie makofi mpaka viganja viwake moto.